Gari Lisilokumbuka Kitu

Kama uliwahi kupita kwenye maegesho ya lile duka kubwa la Maplewood kati ya mwaka 2002 na 2006, huenda ulimwona Elihuruma bila kumtazama. Alikuwa yule mzee mfupi mwenye kofia ya sufu iliyofunika hadi nyusi, anayesukuma toroli ishirini zilizochomekana, huku wenye magari wakimpigia honi awapishe. Mimi mwenyewe nilimpigia honi siku moja, kabla sijamjua. Namwandika leo kwa sababu Watanzania wa hapa Minnesota wakimtaja humwita “yule fundi aliyeshindwa”, na jina hilo nililitunga mimi.

Arusha alikuwa mtu mwingine. Kwa miaka kumi na tisa alikuwa fundi umeme wa magari ya watalii, na madereva walikuwa tayari kumngoja yeye nusu siku wakati mafundi wengine wamekaa bure wanacheza drafti. Alisikiliza gari kwanza, ndipo akashika kifaa. Alishinda bahati nasibu ya viza akaja Minnesota mwaka 2001, akiwa na miaka arobaini na sita na cheti cha ufundi alichokifunga kwenye nailoni kisilowe. Hakuna gereji iliyokitaka. Walimwambia arudi shule, na shule ilitaka Kiingereza, wakati chake kilikuwa cha kuongea na watalii: good morning, no problem, tomorrow. Ndipo akaishia kwenye toroli.

Mwishoni mwa mwaka 2006 alipata upenyo. Zadock, Mkenya mwenye gereji ya milango mitatu pale Phillips, mtaa wa Minneapolis, alimpa mlango wa tatu, wenye nafasi ya gari moja, kwa majaribio hadi Machi. Wateja wakiridhika, mlango ungekuwa wake moja kwa moja. Zadock si mtu mbaya, ila alikuwa ameumwa na nyoka wengi.

“Sharti ni moja tu, mzee wangu,” alimwambia. “Gari moja iki-come mara tatu na problem ileile, tunaachana. Hapa sitaki comebacks. Mafundi wa story nimewaona wengi.”

Elihuruma alikubali. Wiki hiyohiyo akaacha kazi ya toroli, akanunua skana ya kusomea kompyuta za magari, akaning'iniza kile cheti ukutani kikiwa bado ndani ya nailoni yake. Watu walimshauri ashike kazi zote mbili mpaka Machi ipite. Akajibu kwamba alikuwa nusu mtu kwa miaka minne na inatosha.

Sasa niseme na mimi ni nani, maana bila mimi mzee huyu angekuwa bado na mlango wake. Naitwa Edson, mtu wa Bukoba. Nilikuja kusoma, nikamaliza, nikapata kazi kwenye ofisi ya bima mjini Saint Paul. Kazi yangu ni kukagua madai ya ajali, yaani nalipwa ili nisiwaamini watu, na kazi hiyo naifanya vizuri kupita kiasi. Mke wangu Doris ni muuguzi msaidizi hospitalini, kule Coon Rapids. Tuna binti wa miaka saba na mdogo wake wa miaka minne. Sote wanne tulitegemea gari moja la familia, lile la milango ya kuteleza, la mwaka 1998. Tulilinunua kwa mwanafunzi aliyekuwa anarudi Mwanza, likiwa limeng'olewa redio pamoja na saa yake, na lile tundu tukaliziba kwa kipande cha boksi ambacho binti yetu alichora ua.

Gari hilo lilianza ugonjwa wa ajabu baridi ilipoingia. Uko barabarani, huna hili wala lile, mara taa zote za dashibodi zinawaka kwa mpigo, mishale inaanguka kwenye sifuri, injini inazima. Unasogea pembeni unamwomba Mungu. Baada ya dakika tano unawasha, linawaka kama vile halijafanya kitu. Asubuhi nako lilikuwa linatetemeka na kunguruma hovyo, likishatembea kidogo linatulia.

Nilimpelekea Elihuruma mwezi Desemba. Aliliwasha, akafumba macho, akasikiliza. Kisha akaunganisha skana yake chini ya usukani, akaitazama kwa muda mrefu, akaichomoa, akaichomeka tena.

“Mdogo wangu,” alisema, “kompyuta ya gari ina kumbukumbu. Hitilafu ikitokea inaandika namba, mimi nakuja naisoma, naanzia hapo. Hili lako halina namba hata moja. Halafu linaniambia halijamaliza hata kujikagua, kama gari lililotoka kufutwa kumbukumbu jana. Kuna fundi mwingine ameunganisha mashine?”

“Hakuna, mzee.”

“Hakuna kabisa? Hata kwa bahati mbaya?”

“Nimekwambia hakuna.”

Nilikasirika. Ofisini kwangu anayekuuliza jambo moja mara mbili anakuita mwongo kistaarabu. Yeye hakuona hasira yangu, au aliiona akaiacha. Alishinda siku nzima ndani ya boneti. Alipima alteneta, alipima fyuzi moja moja, alisugua chumvi ya barabarani iliyoganda kwenye maungio ya nyaya, alikaza vichwa vya betri. Kila alichokipima kilikuwa kizima. Alinirudishia gari akisema kweli tupu: “Nimesafisha nilichokiona. Ila ugonjwa wenyewe sijaukamata.”

Siku ya tisa lilimzimikia Doris akiwa anakwenda kazini. Kesho yake asubuhi nikalirudisha, na hiyo ikawa mara ya pili. Zadock alitoka ofisini kwake akalitazama, akanyoosha vidole viwili juu, akarudi ndani. Elihuruma aliviona vile vidole. Nami niliviona, na nakiri kwamba nilifurahi kidogo, nikidhani kwamba sasa ataacha kubahatisha.

Skana haikuonyesha kitu tena. Kumbukumbu tupu, kama mara ya kwanza. Akakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, akavua kofia.

“Nani anaigusa hii gari?”

“Mimi na mke wangu. Na mke wangu hajui hata boneti inafunguliwa wapi.”

“Na betri? Imewahi kuisha?”

Hapo nilikaribia kumweleza jambo. Naomba nilieleze kwa utulivu, kwa sababu ndilo lililommaliza mzee wa watu.

Marehemu baba yangu alikuwa dereva wa pikapu ya dayosisi kule Bukoba. Kila jioni, akishaegesha, alifungua boneti, akachukua spana namba kumi, akalegeza kichwa cha hasi cha betri, akakichomoa na kukikunja pembeni. Asubuhi alikirudisha. Spana ilikuwa na msumari wake nyuma ya mlango wa jikoni, na ole wake mtoto atakayeigusa. Alisema umeme usipofungwa unavuja kama maji ya bomba bovu, na kwa pikapu ile ya zamani nadhani alikuwa sahihi. Alifariki mwaka 2004, na mimi sikwenda kumzika kwa sababu makaratasi yangu ya uhamiaji yalikuwa bado mezani kwa watu. Spana ile nilitumiwa baadaye, ndani ya bahasha, pamoja na picha za msiba.

Majira ya baridi ya mwanzo tukiwa na lile gari, betri ilikufa mara mbili. Nikaikumbuka spana. Kuanzia siku hiyo, kila jioni nikirudi, kabla sijaingia ndani nilifungua boneti na kuchomoa hasi, na kila asubuhi nilirudisha. Doris alinikuta mara moja akadhani naangalia oili. Niliipenda dakika ile ya jioni. Mikono ilikuwa inauma kwa baridi, lakini ilikuwa dakika yangu na baba.

Elihuruma alipouliza habari za betri, siri ilinifika mdomoni. Nikaona atanicheka. Mimi mtu wa ofisi, mwenye digrii mbili, nafanya mambo ya madereva wa zamani wa Bukoba katikati ya Minneapolis! Nikasema kwa majigambo, “Betri yangu haijawahi kuisha tangu mwaka juzi.” Nikaishia hapo.

Akatikisa kichwa polepole. “Basi niachie siku tatu. Usilichukue jioni. Nitalitembeza mwenyewe mpaka lizime mbele yangu.”

Siku tatu! Coon Rapids ni mbali, na basi la kumfikisha Doris zamu ya asubuhi halikuwepo. Lakini nisijifiche nyuma ya mke wangu, kwa sababu tungeweza kumwomba Hamida, jirani yetu, amchukue. Nilikataa kwa kiburi tu. Nilimwambia fundi anayeijua kazi yake haombi siku tatu. Akalikabidhi gari, akafuta mikono kwa kitambaa, kidole kimoja kimoja.

Jumapili ile, baada ya ibada ya Kiswahili, tulikuwa tunakunywa chai na maandazi kwenye ukumbi wa chini ya kanisa. Mtu akauliza kama gari letu limepona. Nikasema, mbele ya watu wanane au tisa, “Nimempelekea yule fundi aliyeshindwa. Mashine anayo, kuisoma hajui.” Watu walicheka. Nilipenda walivyocheka, kwa hiyo nikaongeza habari ya kufumba macho na kusikiliza, nikamwigiza. Kwetu hapa neno la kwenye chai linafika Maplewood kabla vikombe havijaoshwa. Hamida, ambaye alikuwa amepanga kumpelekea gari lake wiki hiyo, alighairi. Na wengine wakaghairi. Mwisho wa Januari ukipita Phillips unamkuta Elihuruma amesimama kwenye mlango wa tatu, mikono mfukoni, akitazama barabara.

Mara ya tatu ilikuwa Februari, mchana, kwenye barabara kuu. Doris alikuwa anarudi na watoto wote wawili. Gari lilizima kwenye njia ya kati, lori likapita pembeni likiwapigia honi mpaka vioo vikatetemeka. Binti yangu aliniambia baadaye, “Daddy, Mama was screaming in Kihaya.” Doris hapigi kelele, na Kihaya aliacha kukiongea alipokuja huku. Baada ya dakika tano gari likawaka, wakafika nyumbani. Niliporudi kutoka kazini niliwakuta wamekaa kitandani na makoti yao. Nikatoka nje kwa hasira, nikafungua boneti na kuchomoa hasi kama kawaida.

Asubuhi nilikuwa kwa Zadock kabla hajafungua. Nilifoka. Nilisema maneno ambayo hata kwenye ofisi ya bima hatuyasemi. Elihuruma aliunganisha skana, na mimi namwona bado, ameinama chini ya usukani, mgongo umepinda, akibonyeza kile kidude kama mtu anayempigia simu ndugu asiyepokea. Kumbukumbu tupu.

“Siku tatu,” alisema. Hakuwa ananiambia mimi, alimwambia Zadock. “Boss, mwambie aniache nalo siku tatu tu.”

“Mzee wangu, tuliongea,” Zadock alisema. Alikuwa anaangalia sakafu. “Hii ni ya tatu. Siwezi. Jina ni la garage yangu.”

Elihuruma alichomoa skana, akaizungushia waya wake vizuri, akaenda ukutani akashusha cheti. Kwenye nailoni palikuwa pameshika vumbi jeusi, akalipangusa kwa mkono wa shati. Mimi niliondoka nikijiona mwanamume aliyeilinda familia yake.

Nikalipeleka gari kwenye gereji kubwa ya Wazungu. Wao hawakuniomba siku tatu, walizichukua tu, na Doris alikwenda kazini kwa gari la Hamida, kama ambavyo ingewezekana tangu mwanzo. Siku ya nne kijana mmoja fundi aliniita kaunta. Alikuwa na karatasi yenye namba moja ya hitilafu, ya umeme kushuka chini ya kiwango, na alikuwa na waya wangu wa hasi, ameupasua kwa kisu. Nje ulikuwa mzima, mweusi, mzuri. Ndani, karibu na kichwa cha betri, nyuzi za shaba zilikuwa zimekatika karibu zote.

“It's been bent,” alisema. “Over and over, same spot. Do you unhook your battery?”

Yeye aliuliza swali hilo kama anauliza saa. Nikasema ndiyo, kila jioni. Akaniuliza tangu lini, nikamwambia mwaka wa pili sasa. Hakucheka. Alinieleza kwamba nikichomoa betri nafuta kumbukumbu yote, kwamba kule kutetemeka asubuhi ni kompyuta inajifunza upya kazi yake, na kwamba waya ulikatika kwa kukunjwa kwenye baridi. “Nobody could've found this,” alisema kwa upole, akidhani ananifariji, “not if you took it home every night.”

Nilikaa ndani ya gari kwenye maegesho yao, nikashindwa kuliwasha. Niliona aibu ya kunitoa machozi, na nililia, sioni haya kulisema. Ugonjwa niliutengeneza kwa mkono wangu, ushahidi nikaufuta kwa mkono huohuo, kisha nikampigia kelele mtu pekee aliyejua kwamba kuna mkono.

Nilikwenda kwa Zadock. Alinisikiliza mpaka mwisho, akashika kichwa. “Aki wewe,” alisema. “Lakini mlango nishapatia Ian. Ako na familia pia. Nimtoe nimwambie nini?” Ian alikuwa ameinama kwenye mlango wa tatu, na skana aliyokuwa ameshika niliitambua. Elihuruma alikuwa amemuuzia.

Jumapili niliwaeleza watu kwenye chai, kila kitu, spana na baba na waya. Walicheka kuliko ile siku ya kwanza, wakanipa jina la Mchomoa Betri, na bado wananiita hivyo. Lakini Jumapili iliyofuata nilimsikia mtu mwingine kabisa, hata hakuwepo siku ile, anamshauri mwenzake asihangaike na “yule fundi aliyeshindwa wa Phillips”. Nilimsahihisha. Akaniitikia kwa adabu, akaendelea. Spana ya baba niliitia kwenye droo. Betri haijaisha hata siku moja.

Machi ikakaribia mwisho, nikaenda Maplewood, sina cha kumpelekea zaidi ya maneno. Theluji ilikuwa imegeuka tope. Elihuruma alikuwa anasukuma toroli, kofia ileile, ila sasa kwenye koti lake palikuwa na kibandiko cha mfanyakazi mpya, kwa sababu walikuwa wamemwanzisha upya kama mtu ambaye hawakuwahi kumwona.

“Shikamoo, mzee.”

“Marahaba, mdogo wangu. Watoto wazima?”

Nikamweleza. Nilisema nimekuja kuomba radhi. Alisikiliza akiwa ameegemea toroli. Nilipomaliza aliuliza, “Ulikuwa unachomoa upande gani?”

“Hasi.”

“Hasi peke yake?”

“Hasi peke yake, mzee. Baba ndiye alinifundisha.”

“Alikufundisha vizuri,” alisema. Kisha akasema, “Nilikuuliza nani anaigusa.”

“Uliniuliza.”

“Nilirudi nyumbani nikafikiri nimezeeka. Nilifikiri nimesahau kazi.”

Nilitamani anitukane. Badala yake alivua glavu moja, akalisogelea gari langu lililokuwa linaunguruma pale pembeni, akaweka kiganja juu ya boneti. Akafumba macho. Watu walipita na mifuko yao.

“Alteneta yako inaondoka,” alisema. “Ni beringi. Mwezi mmoja, au miwili.”

“Nikuletee lini?” Lilinitoka kabla sijafikiri.

Aliutazama mkono wake, akaurudisha kwenye glavu. “Mpelekee Ian. Mwambie aisikilize kwanza, kabla hajaunganisha mashine.”

Akazishika toroli zake, akaanza kuzisukuma kwenye tope. Hazikuwa zimefika mbali mwenye gari mmoja akampigia honi apishe njia. Elihuruma akazivuta pembeni, akampisha.